Mtoto ni mhadhiri, lakini mkataba wake una tarehe ya mwisho

Kuanzia Ipinda hadi Matema, kijana akitajwa kwamba anafundisha chuo kikuu, maswali kuhusu ajira yake huishia hapo. Wazazi waliouza mpunga na kakao ili kulipa ada huona mzigo umetuliwa. Kumbe huenda kijana mwenyewe amesaini mkataba wa mwaka mmoja, akaongezewa mwingine, na mwingine tena, huku akiahidiwa kuwa nafasi ya kudumu inakuja.

Mwaka ambao mkataba hauongezwi, simu hupigwa nyumbani Kyela. Jibu la nyumbani linajulikana: "Vumilia mwanangu, usigombane na wakubwa, watakuita." Ni ushauri wa upendo, lakini unaweza kumkosesha kijana haki yake. Malalamiko ya kuachishwa kazi isivyo halali hutakiwa kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ndani ya siku 30. Anayevumilia miezi mitatu hulazimika kwanza kuomba akubaliwe kuchelewa na kutoa sababu ya maana. Kusema alikuwa anasubiri kuitwa ni sababu dhaifu.

Wapo wanaoambiwa kwamba mkataba ukiisha umeisha, hakuna kesi. Hilo ni nusu ya ukweli. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inaruhusu wanataaluma kuajiriwa kwa mkataba wa muda maalumu, na mhadhiri ni mwanataaluma. Kwa kawaida mkataba huo hukoma wenyewe tarehe yake ikifika. Lakini kifungu cha 36 kinahesabu kuwa ni kuachishwa kazi pale mwajiri anapokataa kuuongeza kwa masharti yale yale au yanayofanana, ilhali mfanyakazi alikuwa na matarajio ya msingi kwamba ungeongezwa.

Matarajio hayo hayapimwi kwa matumaini ya mtu. Kanuni za utendaji bora za mwaka 2007 zinamtaka mfanyakazi aonyeshe msingi wake, kama vile mkataba kuwahi kuongezwa huko nyuma au mwajiri kuahidi kuuongeza. Ndiyo maana karatasi zina thamani kuliko maneno ya korido: mikataba yote ya zamani, barua za kuiongeza, ratiba ya vipindi vya muhula unaofuata yenye jina lake, barua pepe ya mkuu wa idara, taarifa ya michango ya mfuko wa hifadhi ya jamii. Mzazi mwenye kabati linalofungwa anaweza kutunza nakala. Kijana anayehamahama vyumba vya kupanga mjini Mbeya hupoteza vitu.

Kuna jambo ambalo familia nyingi hulichanganya. Matarajio yanayotajwa na kifungu hicho ni ya kuongezewa mkataba. Kufanywa mwajiriwa wa kudumu ni dai jingine, na ni gumu zaidi. Afrika Kusini, ambako sheria ilikuwa na maneno yanayofanana na yetu, vyuo vilibishana na wafanyakazi wao juu ya jambo hilo kwa miaka mingi. Mwaka 1999, katika kesi ya Chuo Kikuu cha Afrika Kusini, UNISA, mahakama ya kazi ilisema kutarajia ajira ya kudumu hakumo katika sheria. Mwaka uliofuata, katika kesi ya Technikon Natal, mahakama hiyo hiyo ikaelekea upande wa mfanyakazi. Mwaka 2011 mahakama ya rufaa ya kazi ikakipa ushindi Chuo Kikuu cha Pretoria. Ubishi huo uliishia bungeni: tangu Januari 2015, sheria yao inataja waziwazi matarajio ya kubakizwa kazini bila ukomo. Kifungu chetu hakina maneno hayo, kwa hiyo kijana anayedai kudumishwa anaingia kwenye mlango mwembamba kuliko anayedai mwaka mmoja zaidi.

Kabla ya kupanda gari la Tukuyu kwenda Mbeya, iulizwe chuo ni cha nani. Kwa chuo binafsi kama Teofilo Kisanji, njia ni CMA. Kwa chuo cha umma kama Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia Mbeya, mambo hubadilika. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Shirika la Posta, iliamua kwamba mtumishi wa umma lazima kwanza amalize njia za Sheria ya Utumishi wa Umma, na kwamba CMA haina mamlaka juu ya mgogoro wake. Wapo waliohangaika na shauri kwa miaka, kisha wakaambiwa walibisha hodi nyumba isiyo yao. Hapo fedha ya wakili, hata ya ushauri wa saa moja tu, haipotei.

CMA hailipishi ada. Mlalamikaji hujaza fomu namba moja, humfikishia mwajiri nakala, kisha huiwasilisha ofisini pamoja na uthibitisho kwamba mwajiri ameipokea. Usuluhishi hupewa siku 30, na nyingi za kesi hizi huhitaji utulivu huo wa mezani kabla ya uamuzi. Siku za kufungua malalamiko huhesabiwa tangu tarehe ya kuachishwa kazi au tarehe chuo kilipofanya uamuzi wake wa mwisho. Kama barua haikutolewa, kijana aiombe kwa maandishi wiki hiyo hiyo, na abaki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa.