Ukoo wa Ziwa Maracaibo na ramani ya jeni

Novemba 1983 jarida la Nature lilichapisha habari ambayo wataalamu wengi hawakuitarajia mapema hivyo: jeni inayosababisha ugonjwa wa Huntington iko kwenye kromosomu ya 4. Hakuna aliyekuwa ameiona jeni yenyewe. Hakuna aliyejua inatengeneza protini gani wala inauharibuje ubongo. Kilichojulikana ni inapokaa tu, na hapo palifikiwa kwa kuuliza nani kazaa na nani, nani kaugua na nani kasalimika, katika vijiji vya wavuvi kando ya Ziwa Maracaibo nchini Venezuela.

Huntington ni ugonjwa katili. Mtu huwa mzima mpaka utu uzima, mara nyingi kati ya miaka 30 na 50, kisha mikono na miguu huanza kujirusha yenyewe. Mwendo wake huyumba hadi watu wamdhanie kalewa. Hufuata hasira zisizo na sababu, kusahau, kushindwa kusema, mwishowe kushindwa hata kumeza. Wengi huishi miaka 15 hadi 20 katika hali hiyo kabla ya kufariki. Kila mtoto wa mgonjwa yuko nusu kwa nusu, ama amerithi ama hakurithi, na kwa kuwa dalili huchelewa, mzazi hugundua akiwa ameshazaa.

Hesabu iliyotumika Maracaibo ilianzia New York mwaka 1911, kwenye chumba chembamba cha Chuo Kikuu cha Columbia kilichojaa chupa za maziwa. Ndani ya chupa hizo Thomas Hunt Morgan na wanafunzi wake walifuga nzi wadogo wa matunda, wakiwalisha ndizi. Mmoja wa wanafunzi hao, Alfred Sturtevant, alikulia shambani Alabama, na tangu ujana alikuwa akichora nasaba za farasi wa baba yake ili ajue rangi zao zinarithiwa vipi. Jicho lake lilishazoea ukoo kabla halijazoea hadubini.

Kromosomu huwa mbili mbili, moja ya baba na moja ya mama. Kabla yai au mbegu ya kiume haijakamilika, hizo mbili hulala sambamba na kubadilishana vipande. Kwa hiyo kromosomu unayomrithisha mwanao si ile ya baba yako nzima wala ya mama yako nzima. Ina vipande vya wote wawili. Chukua kitenge, ukikate kwa mkasi bila kuangalia. Maua mawili yaliyo kwenye ncha mbili za kitambaa yatatengana mara nyingi, lakini yaliyogusana ni nadra mkasi kupita katikati yake. Jeni nazo ni hivyo hivyo. Zinazokaa jirani huandamana kizazi hadi kizazi, na zilizo mbalimbali huachana haraka.

Sturtevant alizungumza na Morgan kuhusu jambo hilo, akachukua takwimu za nzi hadi nyumbani na kukesha nazo sehemu kubwa ya usiku, kazi za darasani akaziweka kando. Kulipokucha alikuwa na ramani ya kwanza ya kromosomu duniani: jeni ya mwili wa njano, ya macho meupe, ya macho mekundu ya kung'aa, ya mbawa ndogo na ya mbawa dumavu, kila moja mahali pake kwenye mstari mmoja. Aliichapisha 1913. Hakuwa amefungua kitu chochote kuangalia ndani. Alihesabu tu ni nzi wangapi wamerithi tabia mbili pamoja na kwa wangapi zimetengana. Kipimo cha umbali huo, yaani kutengana mara 1 katika 100, leo kinaitwa sentimogani, kwa heshima ya Morgan.

Kwa binadamu kazi ilikwama. Nzi huleta kizazi kipya kila baada ya siku kumi na kitu, na jozi moja huzaa mamia. Watu huzaa wachache, taratibu, na hakuna mwenye haki ya kuwaamulia nani aoane na nani. Mwaka 1937 Julia Bell na J.B.S. Haldane walionyesha kwamba himofilia na kutoona rangi huandamana kwenye kromosomu X. Kwa kromosomu nyingine ilibidi kungoja hadi 1968, pale Roger Donahue, mwanafunzi wa udaktari mjini Baltimore, alipochunguza seli zake mwenyewe na kuona sehemu ya kromosomu ya 1 imelegea isivyo kawaida. Alipima damu za ndugu zake, akakuta kulegea huko kunaandamana na kundi la damu liitwalo Duffy. Kumbe hata jeni ya kwanza kupatiwa nafasi kwenye kromosomu zisizo za jinsia ilipatikana kwa kuwafuata shangazi na wajomba.

Kilichokosekana ni alama za kutosha. Makundi ya damu ni machache mno kuenea kromosomu zote. Mlango ulifunguliwa na ugonjwa tunaoujua vizuri sana Afrika Mashariki, selimundu. Mwaka 1978 Yuet Wai Kan na Andrée Dozy wa San Francisco walikata DNA kwa kimeng'enya, wakaona kwamba jirani na jeni ya selimundu, kwa Wamarekani Weusi wengi waliopimwa, kipande kilichokatwa kilikuwa kirefu kuliko kawaida. Tofauti hiyo haikusababisha ugonjwa, ila ilikaa karibu nao. Miaka miwili baadaye David Botstein na wenzake watatu waliandika kwamba tofauti za namna hiyo zimetapakaa kwenye DNA yote, na kwamba zikipatikana 150 hivi, zilizopangika vizuri, jeni yoyote inaweza kusakwa.

Alama hizo hazina kazi bila ukoo mkubwa, na hapa ndipo tunarudi Maracaibo. Daktari wa Venezuela, Américo Negrette, alikuwa ameandika tangu miaka ya 1950 kuhusu wagonjwa wengi wa Huntington kwenye vijiji vya ziwani. Nancy Wexler, mwanasaikolojia wa Marekani, alikuwa na sababu yake ya kwenda huko: mama yake, Leonore, aligunduliwa kuwa na Huntington mwaka 1968, na baba yake, Milton, akaanzisha taasisi ya kutafuta tiba. Kuanzia 1981 Wexler na timu yake walikwenda Venezuela mwaka baada ya mwaka. Walifika Barranquitas, na Laguneta ambako nyumba zimejengwa juu ya nguzo majini, wakauliza majina ya babu na bibi, wakaangalia macho na vidole vinavyotikisika, wakaomba damu.

Watu walisita, na mimi siwalaumu. Wageni kutoka nchi tajiri wanataka damu yako, kisha wanaipandisha ndege. Wengi waliamini ugonjwa huo ni wao peke yao, Wamarekani hawaupati. Siku moja muuguzi wa timu, Fidela Gómez, aliushika mkono wa Wexler na kuuinua juu mbele ya wanakijiji, waone kovu pale alipokatwa kipande cha ngozi kwa uchunguzi ule ule waliokuwa wakiombwa wao. Akawaambia kwamba huyu naye ugonjwa uko kwao. Tangu hapo mambo yalibadilika. Orodha ya nasaba ilikua hadi kufikia watu zaidi ya 18,000 katika vizazi 10, wengi wao uzao wa mwanamke mmoja aliyeishi mwanzoni mwa karne ya 19.

Damu ilikwenda Boston, kwa James Gusella. Yeye alikuwa na vipande vya DNA vya kutafutia alama, akavijaribu kimoja kimoja. Wengi walikadiria itachukua miaka mingi. Kipande kilichoitwa G8, kati ya vile dazani ya mwanzo, kilijibu. Alama yake ilikuwa na sura nne, zikapewa herufi A, B, C na D. Katika ukoo wa Venezuela, wagonjwa walibeba C. Katika familia ya Marekani iliyopimwa pia, wagonjwa walibeba A. Hapa wengi huchanganyikiwa: ikiwa alama zinatofautiana, mbona jeni ni moja? Ni kwa sababu alama si ugonjwa. Ni jirani wa ugonjwa, na kila ukoo una jirani wake. Muhimu ni kwamba ndani ya ukoo mmoja hawaachani. Kwa desturi watafiti huridhika uwezekano ukifika 1,000 dhidi ya 1. Hapa ulizidi milioni 100 dhidi ya 1.

Kujua ni kromosomu ipi kulihitaji ufundi mwingine. Seli za binadamu zikiunganishwa na za panya maabara, seli chotara inayozaliwa hupoteza kromosomu nyingi za binadamu na kubaki na chache. Ukiwa na seli nyingi za aina hiyo, kila moja ikiwa na mabaki tofauti, unatazama G8 inaonekana kwenye zipi. Ilionekana palipokuwa na kromosomu ya 4, ikakosekana pasipokuwa nayo. Baadaye watoto waliozaliwa wakiwa wamepungukiwa na ncha ya kromosomu hiyo walisaidia kubainisha kwamba G8 iko karibu kabisa na mwisho wa mkono mfupi.

Kisha ikaja miaka 10 migumu. Baadhi ya familia zilionyesha jeni iko kwenye ncha kabisa, nyingine zikaonyesha iko ndani zaidi, na makundi ya watafiti yalisaka mahali pasipo kwa miaka. Machi 1993 watafiti 58 walitangaza kwa pamoja kwamba wameipata. Kosa lilikuwa herufi tatu za DNA, CAG, zinazojirudia kupita kiasi. Kwa mtu wa kawaida hurudia mara chini ya 27, na zikifika 40 na zaidi ugonjwa huja.

Tangu hapo kipimo cha damu kinaweza kumwambia mtu hatima yake, na wengi walio hatarini hawataki kuambiwa. Wexler kwa miongo kadhaa hakueleza lolote kuhusu hali yake, hadi 2020 alipoliambia gazeti la New York Times kwamba naye anaugua.

Barranquitas bado ni maskini. Mei 2017 familia zenye Huntington kutoka Amerika Kusini, zikiwamo za Venezuela, zilipokelewa Vatikani na Papa Francis, wengine wao wakiwa hawajawahi kutoka nje ya nchi zao. Naamini tunapowasifu wanasayansi kwa ramani hii tuwataje watu hawa kwanza, tena tuwataje kwa deni. Dawa za kupunguza mirusho ya mwili zipo na zinauzwa, lakini ya kuuzuia ugonjwa wenyewe haijapatikana.

Damu ya Maracaibo haikuishia 1993. Takwimu za ukoo huo zilionyesha kwamba watu wawili wenye idadi ile ile ya CAG wanaweza kuanza kuugua kwa kupishana miaka mingi, na kwamba sehemu ya tofauti hiyo hurithiwa. Kwa hiyo zipo jeni nyingine zinazoharakisha au kuchelewesha. Kuzisaka hakukuhitaji tena ukoo mmoja: mwaka 2015 watafiti walilinganisha mamilioni ya alama kwa wagonjwa zaidi ya 4,000 kutoka familia mbalimbali, wakafika kwenye kromosomu ya 15, karibu na jeni iitwayo FAN1, ambayo kazi yake ni kukarabati DNA. Jeni nyingine za ukarabati zimejitokeza baadaye, na maabara kadhaa sasa zinajaribu kutengeneza dawa ya kuzituliza au kuzisaidia, ili ugonjwa ucheleweshwe kwa yule ambaye tayari ameurithi.