Tikal saa ya magaribi: Ni nani anaeleza mawe ya Wamaya?

Jina la Wamaya, watu wengi walilisikia mwaka wa 2012, wakati habari ilienea kwamba dunia itaisha tarehe 21 Desemba. Dunia haikuisha. Na Wamaya wenyewe hawakuandika kwamba itaisha. Ile siku, kalenda yao ilimaliza muzunguko mumoja murefu na kuanza mwingine, kama vile kalenda ya ku ukuta inaisha tarehe 31 Desemba na unatundika ingine.

Sasa hao Wamaya ni nani? Njia moja ya kuwafahamu ni kutembelea miji yao ya zamani. Na saa yenye watalii wengi wanapenda ni magaribi, wakiongozwa na gide. Leo tunaeleza ginsi ile matembezi inapita ku Tikal, mu inchi ya Guatemala, na juu ya nini inagusa pia sisi tunaoishi karibu na Virunga na Kahuzi-Biega.

Tikal iko wapi?

Guatemala ni inchi ndogo ya Amerika ya Kati, chini ya Meksiko. Tikal iko kaskazini, mu jimbo la Petén, kilometa karibu 60 kutoka Flores, muji mudogo wenye umejengwa ku kisiwa mu ziwa. Ni parki ya taifa tangu mwaka wa 1955, na pori yake inafika kilometa za mraba 576. Mwaka wa 1979, UNESCO iliiweka ku liste ya urithi wa dunia. Ni mwaka uleule yenye Virunga yetu iliingia ku ile liste. Kahuzi-Biega ilifuata mwaka wa 1980.

Tikal ulikuwa muji wa wafalme, wenye watu makumi ya maelfu. Ulipigana muda murefu na muji mwingine wa Wamaya, Calakmul. Mwaka wa 562 Tikal ulishindwa vibaya, na kwa zaidi ya miaka mia moja nguvu yake ilishuka. Mwaka wa 695 mufalme Jasaw Chan K'awiil alishinda Calakmul, na muji ukainuka tena. Yeye na mutoto wake njo walijenga sehemu kubwa ya mahekalu yenye watalii wanaona leo. Jiwe la mwisho lenye tarehe, ku Tikal, ni la mwaka wa 869. Kisha watu waliondoka kidogo kidogo, na pori ikafunika muji.

Mara nyingi watalii wanaambiwa kwamba muji "uligunduliwa" mwaka wa 1848. Ile mwaka serkali ya Guatemala ilituma kundi la kwanza, chini ya Modesto Méndez na Ambrosio Tut. Lakini watu wa kule walijua mawe yako pale. Si wao walikuwa wamepotea.

Matembezi inapita namna gani?

Watu wengi wanatoka Flores kisha saa sita ya mchana, mu minibisi. Wanalipa tiketi ku mulango wa parki, kisha kuko kilometa 17 za barabara mu pori mbele ya kufika. Kwa miaka mingi mugeni alilipa quetzal 150, na raia wa Guatemala 25. Quetzal njo feza ya kule: 150 ni karibu dola 20. Ile tofauti ina maana: serkali haitaki raia ashindwe kuingia nyumbani mwa babu zake juu ya bei ya watalii.

Saa kumi na mbili ya magaribi parki inafunga kwa watu wa kawaida. Mwenye anataka kubakia mupaka giza anapaswa kuwa na tiketi ya pekee, na gide mwenye kutambuliwa. Haiko kusumbua watu bure. Njia zinagawanyika mu pori, kuko nyoka, ngazi ni za kusimama sana, na jaguar, chui mukubwa wa Amerika, anatembea usiku. Tena kuko wezi. Kwa miaka mingi watu walichimba makaburi ya Wamaya na kuuza vyungu na mawe yenye kuchongwa inje ya inchi. Mutu mwenye kutembea peke yake usiku mu muji wa zamani, walinzi wanamuuliza anatafuta nini.

Mara nyingi gide anaanza ku muti mumoja murefu wenye wanaita ceiba, muti wa taifa la Guatemala. Kwa Wamaya ni muti mutakatifu: mizizi iko kwa wafu, shina iko kwetu, matawi iko mbinguni. Kisha wanafika ku uwanja mukubwa, kwenye mahekalu mbili yanaangaliana. Moja ina metre 47, sawa na jumba la etaje kumi na tano. Chini yake njo walikuta kaburi la mufalme Jasaw. Ku hii moja hakuna ruhusa ya kupanda, kwa sababu watu walianguka.

Pale gide muzuri anaeleza kitu yenye inashangaza watu. Wamaya hawakuwa na chuma cha kuchonga mawe. Hawakuwa na gari ya kukokota wala punda. Walikata mawe na mawe magumu zaidi, walichoma mawe ya chokaa juu ya kupata plasta, na walibeba vyote ku mugongo. Na palepale walikuwa na maandishi yao wenyewe na hesabu yenye zero, mbele zero ifike Ulaya.

Mwisho wa matembezi ni Hekalu la Nne, lenye metre karibu 65, na ngazi ya mbao. Juu kule watu wanakaa na kunyamaza. Hekalu linaangalia mashariki, kwa hiyo jua linazama nyuma yako, na mwangaza wa mwisho unapiga vichwa vya mahekalu mengine yenye yanatoka juu ya pori. Chini nyani wanaanza kulia kwa sauti nzito, mutu mugeni anafikiri ni simba. Giza ikiingia, kila mutu anawasha tochi na kufuata gide, karibu nusu saa kwa miguu.

Muji bila muto

Kitu kimoja yenye wakaaji wa miji yetu wataelewa haraka: ku Tikal hakuna muto wala chemchem kubwa. Watu makumi ya maelfu walikunywa maji ya mvua. Walitengeneza viwanja vya muji kwa kuinama kidogo ili maji yote ishuke mu mabwawa, na waliyaweka kwa ajili ya miezi ya kiangazi.

Mwaka wa 2020 watafiti walionyesha kwamba mu bwawa moja walitumia muchanga wa quartz na jiwe lenye wanaita zeolite, lenye lilitoka mbali, juu ya kusafisha maji. Zeolite inatumiwa hata leo. Lakini utafiti mwingine wa mwaka uleule ulionyesha upande wa pili: mabwawa ya karibu na nyumba za wafalme yalijaa zebaki, yenye ilitoka mu rangi nyekundu ya kupamba majengo, na pia uchafu wa kijani wenye sumu. Wakubwa walikunywa maji mabaya kuliko wengine.

Ni nini iliua muji? Hakuna sababu moja. Kulikuwa kiangazi kirefu kenye kilirudia mara nyingi, vita kati ya miji, udongo wenye kuchoka, na wafalme wenye watu hawakuamini tena. Mahali watu wamejaa, maji inapunguka na wakubwa wanapigana, muji haudumu.

Wamaya hawakupotea

Hapa njo kazi ya gide inaonekana. Kuko wenye wanapenda kusema: "Siku moja Wamaya walipotea, hakuna mwenye anajua walienda wapi." Hadisi inapendeza usiku mu pori, lakini haiko ya kweli. Hesabu ya watu ya mwaka wa 2018 ilikuta Wamaya zaidi ya milioni 6 mu Guatemala, ni kusema karibu watu 4 mu kila 10. Wanasema lugha 22. Wengine wako Meksiko na Belize. Wanalima mahindi, maharagi na maboga, kama babu zao.

Na sisi tunakula ku mukono wao kila siku. Mahindi ya bugali yetu ilianza kulimwa kule Meksiko, miaka maelfu iliyopita, na Wareno njo waliivusha bahari. Kakao yenye watu wa Beni na Mambasa wanauza leo, Wamaya walikuwa wanakunywa zaidi ya miaka elfu moja na mia tano iliyopita. Ku vikombe vyao waliandika neno "kakaw".

Gide mwenye kusema kwamba walipotea anaficha kitu kikubwa zaidi. Kuanzia mwaka wa 1960 mupaka 1996, Guatemala ilikuwa mu vita ya ndani. Tume ya ukweli yenye iliungwa mukono na Umoja wa Mataifa ilitoa ripoti mwaka wa 1999: watu zaidi ya 200 000 walikufa ao kupotezwa. Kati ya wenye walitambuliwa, 83 kwa mia walikuwa Wamaya, na sehemu kubwa waliuawa na jeshi na wasaidizi wake. Mu ile miaka, picha ya hekalu la Tikal ilikuwa ku noti ya feza ya inchi. Inchi ilijivunia mawe, na palepale ikaua wajukuu wa wenye waliyapanga.

Wamaya walipigania kubadilisha ile hali. Mapatano ya mwaka wa 1995 juu ya haki za wenyeji yalitambua kwamba wana haki ya kufanya ibada zao mu miji ya zamani. Njo maana, leo mutalii anaweza kukuta ku uwanja wa Tikal watu wanawasha mishumaa na kuchoma ubani mu muviringo wa mawe. Gide mwenye heshima anaambia kundi lipite pembeni, na hakuna kupiga picha bila kuomba.

Na kwetu?

Kwetu pia kuko mahali dunia yote inajua, na watu wenye wanaeleza ile mahali kwa wageni. Batwa wa Kahuzi-Biega walifukuzwa mu pori miaka ya 1970, wakati parki ilipanuliwa. Kama mutalii anaonyeshwa gorila na haambiwe ile habari, anarudi kwao na nusu ya hadisi, sawa na mwenye anashuka Hekalu la Nne akiamini Wamaya walipotea.

Kwa hiyo, siku ukitembelea mahali pa zamani ao parki, hapa ao inje, uliza gide maswali matatu. Ni nani aliishi hapa? Watoto wao wako wapi leo? Ile feza nimelipa ku mulango, wao wanapata nini? Mwenye anajua kazi yake hatakasirika. Na kama wewe njo gide, ile majibu itayarishe mbele ya tochi.