Makambako–Njombe: faida hubaki pale mzigo unapopimwa

Lori la viazi likitoka Njombe huteremka kilomita zipatazo 60 hadi Makambako. Hapo ndipo njia zinapogawanyika: kulia Iringa na Dar es Salaam, kushoto Mbeya na Tunduma. Jirani kuna stesheni ya TAZARA, reli iliyojengwa kwa mkopo wa China na kukabidhiwa mwaka 1976. Njia panda hiyo ndiyo mtaji wa Makambako. Maduka, nyumba za wageni, mama lishe, mafundi wa matairi na maghala ya mahindi vyote vimejipanga kuifuata barabara, na kila gari linalosimama huacha chochote kitu.

Kinachoipa barabara hii uhai ni baridi ya Njombe, mji ulio karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Viazi, chai, parachichi na miti ya mbao hustawi huko. Lakini faida ya mazao hayo haigawanyiki sawa.

Tazama gunia la viazi shambani. Hujazwa hadi mdomoni, kisha hushonewa kipande cha gunia jingine juu yake na kujazwa tena. Hiyo ndiyo lumbesa. Sheria inataka gunia lisizidi kilo 100, lakini dalali hulipa kwa gunia na sokoni mjini viazi huuzwa kwa kilo. Kile kichwa cha gunia ni jasho la mkulima lililokwenda bure, na kuli anayekipandisha kwenye lori hukilipia kwa mgongo wake.

Mbao nazo zina hadithi hiyohiyo. Paina ikipasuliwa na kuuzwa mbichi, bei huwa ndogo; anayeikausha, kuiranda na kuitengenezea samani ndiye anayevuna, na mara nyingi yuko mbali na Njombe.

Mfano wa kufanya vinginevyo upo hapohapo. Kibena, nje kidogo ya mji wa Njombe, kampuni ya TANWAT iliyoanzishwa mwaka 1949 huchakata magome ya miti ya miwati kupata dawa ya kusindikia ngozi za wanyama, na mabaki ya miti yamezalisha umeme. Parachichi nazo zimefungua mlango: makubaliano ya kuziuza China yalisainiwa Novemba 2022. Soko hilo halijui lumbesa. Linataka tunda lililochaguliwa, likapimwa na kutunzwa kwenye ubaridi tangu linapochumwa.

Nidhamu hiyo ndiyo inayostahili viazi na mbao pia. Halmashauri za Njombe na Makambako hutoza ushuru wa mazao. Sehemu ya fedha hizo inunue mizani kwa kila kituo cha kukusanyia viazi vijijini, na ijenge vikaushio vya mbao ambavyo wapasuaji wadogo watavitumia kwa ada nafuu. Mkulima akijua uzito wa mzigo wake kabla ya lori kufika, atajadiliana bei akiwa na hoja mkononi.