Kiboko wa katuni aokwa kwa mkaa Kabonga

KABONGA, Burundi – Mvuvi wa Ziwa Tanganyika akisikia kiboko, hugeuza mtumbwi. Mtoto wake wa miaka mitatu, aliyemzoea kiboko mcheshi wa Akili and Me, katuni ya Ubongo ya Dar es Salaam, humtaka juu ya keki ya kuzaliwa.

Oveni si lazima. Sufuria kubwa hutandazwa mchanga, ya unga huwekwa ndani, na mkaa hugawanywa: mwingi juu ya kifuniko, kidogo chini. Wa chini ukizidi, kiboko huungua tumbo. Keki pana ndiyo uso. Ndogo hukatwa pua na masikio.

Shida ni sukari. Miaka ya karibuni imekuwa adimu Burundi, nchi inayotegemea kiwanda cha SOSUMO, huko Moso, na macho ya wengi hugeukia Kigoma, ng'ambo ya mpaka. Burundi iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na mzigo usiozidi dola 2,000 hupita kwa cheti rahisi cha uasilia. Lakini cheti hicho ni cha bidhaa za Jumuiya tu; kikopo cha rangi ya chakula kutoka mbali hakimo, na bila rangi huyo ni mkate wenye masikio.

Kisha kuna joto la ziwani. Krimu ya siagi huyeyuka kabla pikipiki haijafika, hivyo wengi hutumia sukari ya unga na maji ya limau, inayokauka. Macho hubandikwa mwisho kabisa, keki ikiwa mezani.