Siri ya vibonzo vya kipuuzi vinavyopendwa Japani

KWA msomaji mgeni, vibonzo vingi vinavyochorwa na mashabiki nchini Japani huonekana kama upuuzi mtupu. Shujaa aliyezoeleka kwa kupigana na mazimwi huketi akabishana na figili, kisha hadithi ikakatika ghafla bila kisa kumalizika.

Hata hivyo, upuuzi huo una kanuni zake.

Kibonzo kifupi cha Kijapani huwa na picha nne. Ya kwanza hufungua kisa, ya pili hukiendeleza, ya tatu hukigeuza na ya nne hukifunga. Msomaji aliyelelewa na utaratibu huu huujua kama ajuavyo vina vya shairi. Mchoraji anapoacha picha ya nne bila jibu lolote, kicheko hutokana na pengo hilo.

Wajapani huuita ucheshi wa aina hii 'shuuru', neno walilolifupisha kutoka kwa jina la Kifaransa la sanaa ya mambo ya ndotoni. Aidha, asili yake haiko kwenye mtandao. Fujio Akatsuka alianza kuwachekesha Wajapani kwa visa vya Tensai Bakabon mnamo 1967, naye Yoshiharu Tsuge akachapisha kisa cha kindoto, Neji-shiki, katika jarida la Garo mwaka wa 1968.

Mashabiki nao walijipatia soko lao Desemba 1975, maonyesho ya Comiket yalipofanyika Tokyo kwa mara ya kwanza. Yalishirikisha vikundi 32 na wageni wapatao 700. Kufikia Desemba 2019, maonyesho hayo yalipata mahudhurio ya takriban 750,000 kwa siku nne.

Tovuti ya Pixiv, iliyozinduliwa mwaka wa 2007, iliwawezesha wachoraji kuonyesha kazi zao bila gharama ya kuchapisha. Mmoja wa waliotokea katika ulingo wa mashabiki ni Bkub Okawa, aliyechora vichekesho kuhusu wahusika wa michezo ya kompyuta ya Touhou. Kibonzo chake Pop Team Epic kilianza mwaka wa 2014 na kikafanywa filamu za televisheni mwaka wa 2018.

Mvuto mwingine ni ujuzi wa pamoja. Anayecheka ni yule anayemfahamu mhusika wa asili, na kicheko hicho humthibitishia kwamba yumo miongoni mwa wenzake.

Lakini furaha hii imesimama juu ya msingi dhaifu kisheria, kwa kuwa wahusika hao ni mali ya wengine. Kwa miaka mingi, kesi za jinai za hakimiliki nchini humo zilitegemea malalamishi ya mwenye mali, na wengi walinyamaza. ZUN, mtunzi wa Touhou, aliwaruhusu mashabiki waziwazi kwa masharti machache.

Mazungumzo ya mkataba wa biashara wa nchi za Pasifiki yalizua hofu kwamba wachoraji wangeweza kushtakiwa hata kama hakuna aliyelalamika. Sheria iliyoanza kutumika Desemba 30, 2018 iliruhusu hatua hiyo dhidi ya wanaonakili kazi jinsi ilivyo kwa nia ya kujinufaisha au kumdhuru mwenye mali.

Mashabiki wanaobuni visa vyao wenyewe waliachwa chini ya utaratibu wa zamani. Hivyo basi, shujaa na figili wake wanaendelea kubishana kwa hisani ya mwenye mali anayeamua kutolalamika.