Kikaango cha Vitumbua Mjini Osaka

Akina mama wenzetu, je, mmewahi kusafiri hadi upande wa pili wa dunia mkakutana na chombo cha jikoni kwenu? Sisi yalitupata hayo mwezi wa Novemba 2023. Tulikuwa wauguzi wanne kutoka Tanzania, wote wake za watu na mama wa watoto, tuliopelekwa Japani kwa mafunzo mafupi ya usimamizi wa wodi. Wauguzi wengi wa nchi yetu tunaifahamu Japani kwa zile S tano zinazobandikwa ukutani hospitalini: Sasambua, Seti, Safisha, Sanifisha, Shikilia. Lakini jikoni kwao hatukuwa tumeingia. Kwa hiyo, siku mbili kabla ya kurudi nyumbani, tulijiandikisha katika darasa la upishi la wasafiri mjini Osaka. Darasa hilo huanza alasiri madukani, huendelea jikoni, na humalizika kwa matembezi ya usiku mitaani.

Tuseme kweli, hayo matembezi ya usiku yalitutia wasiwasi. Mmoja wetu alisema waziwazi kwamba hakuvuka bahari ili akatazame baa, kwa maana baa anazijua. Tulicheka, tukidhani anatania. Yeye hakucheka.

MTAA WA VYOMBO

Osaka ni mji wa wafanyabiashara na wa walaji. Wenyewe wana neno "kuidaore", ambalo maana yake ni kula mpaka ufilisike. Katika eneo la Namba kuna mtaa mwembamba ulioezekwa juu, uitwao Doguyasuji, ambao maduka yake huuza vyombo vya jikoni: visu, masufuria, bakuli, majiko, hata vyakula vya bandia vinavyowekwa dirishani mwa mikahawa. Mwalimu wetu, mama wa makamo aliyejua Kiingereza cha kutosha, alisimama mbele ya duka moja akainua chuma cheusi, kizito, chenye mashimo ya mviringo yaliyopangwa kwa mistari.

"Kikaango cha vitumbua!" tulipaza sauti sote wanne, hata wapita njia wakageuka.

Mwalimu alistaajabu. Tulimweleza kwamba kwetu mama huamka alfajiri, akawasha jiko la mkaa na kumimina unga wa mchele wenye nazi na iliki katika mashimo kama hayo, na kwamba watoto wengi wamesomeshwa kwa faida ya vitumbua. Naye alitueleza kwamba huko hupikwa takoyaki, yaani vidonge vya unga wa ngano vyenye kipande cha pweza katikati. Chakula hicho kilianza papo hapo Osaka mwaka 1935, na nyumba nyingi za mji huo zina kikaango chake. Tukacheka zaidi tulipoambiwa kwamba sehemu kubwa ya pweza wanaoliwa Japani huagizwa kutoka Mauritania na Moroko. Kumbe pweza naye alikuwa Mwafrika mwenzetu, msafiri kama sisi!

JIKONI

Jiko lenyewe lilikuwa chumba kidogo ghorofani. Tulivua viatu mlangoni, tukanawa mikono kwa utaratibu ambao muuguzi yeyote angeupenda, tukafunga aproni. Mzee mmoja mkimya alikuwa akikata kabichi nyembamba kama nyuzi. Alikuwa mume wa mwalimu.

Kwanza tulifundishwa mchuzi wa msingi uitwao dashi, unaotokana na mwani mkavu na samaki aliyekaushwa kwa moshi akaparuzwa. Mwaka 1908 mtaalamu wa kemia, Kikunae Ikeda, alichunguza mchuzi wa mwani huo akagundua kinachoupa utamu wake, akauita "umami". Nyumba nyingine hutumia samaki wadogo wakavu, ambao huitwa niboshi. Mwalimu alipotuonyesha mfuko wake hatukuhitaji mkalimani. Walikuwa dagaa!

Hapa tuseme neno kama wauguzi. Japani imewahi kuteswa sana na kiharusi. Kuanzia mwaka 1951 hadi 1980 ndiyo maradhi yaliyoongoza kwa kuua watu wa nchi hiyo. Vyakula vyao vilikuwa na chumvi nyingi. Walipambana kwa kupima watu shinikizo la damu na kufundisha akina mama kupunguza chumvi, na vifo vikapungua sana. Hata leo sosi ya soya, supu ya miso na kachumbari zao vina chumvi nyingi, hivyo msafiri mwenye shinikizo asivibugie. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani pungufu kidogo ya kijiko kimoja cha chai. Mchuzi mzito wa dagaa una ladha yake, na ukiutumia utaona mkono wako haukimbilii kopo la chumvi.

Tulianza na okonomiyaki. "Okonomi" maana yake ni upendacho, na "yaki" ni cha kuchoma. Huchanganywa kabichi, unga wa ngano, yai, dashi na kiazi kikuu kilichokunwa, kikamiminwa juu ya bamba la chuma la moto lililo katikati ya meza, na juu yake hutandazwa vipande vyembamba vya nyama ya nguruwe. Asiyekula nguruwe huweka kamba au uyoga, na hakuna anayemshangaa. Kazi ipo katika kugeuza kwa miiko miwili bapa ya chuma bila kuvunja. Ya mmoja wetu ilianguka nusu mezani. Yule mzee alikuja taratibu, akaikusanya vizuri, akairudisha motoni.

Ndipo mwalimu alipotusimulia habari zake. Mumewe alifanya kazi katika kampuni kwa zaidi ya miaka thelathini. Baada ya saa za kazi, wakubwa na wadogo walikwenda kunywa pamoja, na kukataa kulihesabiwa utovu wa adabu. Alirudi kwa treni ya mwisho, karibu na saa sita ya usiku, watoto wakiwa wamelala. Mama huyu aliwalea kama mjane mwenye mume. Jumamosi aliweka kikaango cha takoyaki mezani, kila mtoto akageuza vidonge vyake, nao mlango uliachwa wazi. Kiti cha baba hakikuondolewa. Siku nyingine alikaa, siku nyingi hakukaa. Alipostaafu hakujua hata sahani zinawekwa wapi, ila kugeuza takoyaki alijua. Wakaanzia hapo.

Hakutuambia kwamba kikaango kilimbadilisha mumewe. Alisema tu kwamba alimwachia nafasi mezani, na kwamba watoto hawakukua wakimsikia mama akimlaani baba.

Tulipotazama, vidonge vya yule mwenzetu asiyecheka vilikuwa vimeungua vyote. Alikuwa ameshika kijiti chake mkononi, hageuzi.

KATIKA UCHOCHORO

Saa mbili usiku tulitoka. Mfereji wa Dotonbori, uliokamilika kuchimbwa mwaka 1615, ulimeremeta kwa matangazo ya taa, likiwamo lile la mwanariadha mwenye mikono juu, ambalo liliwekwa kwa mara ya kwanza mwaka 1935. Vijana walipiga picha, harufu ya pweza na sosi ilijaa hewani. Tukapinda kona moja tu, na kelele zikakatika. Tulikuwa katika Hozenji Yokocho, uchochoro uliotandikwa mawe, wenye vilabu vidogo vya chakula na pombe vinavyoitwa izakaya. Milangoni hutundikwa kitambaa kifupi, na nje huning'inizwa taa za karatasi nyekundu. Ni alama ya chakula na kinywaji, msifikirie jingine.

Tuliingia mahali penye viti kumi hivi. Tulipewa taulo za moto za kufutia mikono, kisha kibakuli kidogo cha chakula ambacho hatukuagiza. Msafiri asigombe, ni desturi, nacho hulipiwa kama ada ya kiti. Tulijifunza pia kwamba vijiti vya kulia havichomekwi wima katika wali, wala chakula hakipokezwi kijiti kwa kijiti, kwa sababu hayo hufanywa kwenye msiba. Bahashishi si desturi yao. Sisi tuliagiza chai baridi ya ulong na samaki wa kuchoma, na hakuna aliyetulazimisha pombe. Mwenye kuiepuka kabisa aulize pia kuhusu mchuzi, kwa kuwa sake na mirin, ambazo ni vileo, hutiwa katika mapishi mengi.

Karibu nasi walikaa wanaume watatu wenye suti, tai zimelegea, nyuso nyekundu. Wajapani wengi wana urithi wa mwili unaofanya pombe isafishwe polepole, na uso hubadilika rangi mapema. Mama mwenye kilabu aliwakaribisha kwa sauti ya juu, akawapa chakula bila wao kusema neno; aliwajua. Mmoja wao alimweleza jambo refu, naye alimsikiliza huku akikausha glasi.

Mwenzetu aliwatazama muda mrefu. Kisha alisema polepole, "Na wa kwangu ana mahali kama hapa."

Tulikuwa tumefanya naye kazi wodi moja miaka kumi na miwili. Tulijua shinikizo lake la damu, hatukujua sababu ya kukosa kwake usingizi. Usiku ule alituambia: mlango unaofunguliwa saa saba, chakula kilichopoa chini ya kawa, watoto waliozoea kula mmoja mmoja, na maneno makali ambayo siku hizi huyatoa yeye kabla mume hajavua viatu. Hatukumpa mawaidha. Tulimshika mkono mpaka chai ikaisha.

TULICHORUDI NACHO

Akina mama, hatusemi kwamba mume akipotelea baa kosa ni la mke. Mtu mzima hujichagulia njia zake, na atajibu kwa ajili yake. Tena, penye kipigo, au penye fedha ya chakula na ada inayoishia kwenye chupa, kikaango si dawa. Hapo zungumza na wazee wanaoaminika, mchungaji, au ofisi ya ustawi wa jamii, wala usifiche majeraha kwa aibu.

Lakini tuliyoyaona kwenye uchochoro ule yalitufundisha jambo. Watu wale walikuwa na moto, walikuwa na wa kuwasalimu kwa furaha, na kila mmoja alikuwa na mahali pake. Hivyo vyote havihitaji baa. Nyumba inaweza kuwa navyo, kwa ajili ya watoto kwanza, na baba akija avikute.

Mwenzetu hakununua kikaango Doguyasuji. Alisema anacho, kilikuwa cha mama yake, kipo chini ya kabati kimeshika kutu. Aliporudi alikisugua, na kila Jumamosi jioni huweka jiko la mkaa barazani na kuwaita watoto, kila mmoja na kijiti chake. Juma la kwanza baba alipita akaenda zake. Juma la pili pia. La tatu alisimama akauliza harufu ni ya nini, na mwanawe wa kiume akampa kijiti. Aliunguza viwili. Jumamosi nyingine huwapo, nyingine hayupo. Ila mwenzetu anasema sasa analala, na nyumba ina kicheko siku moja kwa juma ambayo hapo awali haikuwa nayo.

VIDONGE VYA PWEZA KWA KIKAANGO CHA VITUMBUA

Mahitaji: unga wa ngano kikombe 1, mayai 2, mchuzi wa dagaa vikombe 1 na robo tatu, pweza aliyechemshwa akalainika, vipande vidogo vya kutosha mashimo, kabichi na majani ya kitunguu yaliyokatwa kidogo sana, chumvi kidogo mno, mafuta.

Namna ya kupika:
1. Toa vichwa na matumbo ya dagaa wakavu kiganja kimoja. Waloweke katika maji nusu saa, wachemshe kwa moto mdogo dakika 10, chuja, acha upoe.
2. Koroga mayai, mchuzi, unga na chumvi mpaka pasiwe na mabonge. Uji huwa mwepesi, usiogope.
3. Pasha kikaango, paka kila shimo mafuta ya kutosha, mimina uji hadi ukingoni. Weka kipande cha pweza, kabichi na majani ya kitunguu.
4. Ukingo ukishikana, geuza kwa kijiti kidogo kidogo, ukisukumia ndani kilichomwagika. Endelea kugeuza mpaka viwe vya kahawia pande zote.
5. Acha vipoe kidogo kabla ya kumpa mtoto, maana ndani huwa vya moto sana. Mtoto mdogo mkatie pweza vipande vidogo zaidi.

Walio mbali na bahari watumie samaki, kuku au karoti. Na kijiti cha kugeuzia, mama, usikishike peke yako. Gawa.