Erika, Mnasa Ukungu wa Kilimanjaro

Haya watoto, kaeni vizuri. Leo nina hadithi ya kichaka, na nitaanza na swali. Ukifungua bomba pale Moshi mjini, maji yale yametoka wapi? Najua mtajibu kwa sauti moja: theluji ya Kibo, kilele cha Kilimanjaro! Hata watu wazima husema hivyo. Basi sikilizeni. Mji hutegemea chemchemi kama Nsere na Shiri, na wataalamu waliochunguza chemchemi za mlima huu wamegundua kuwa maji yake hutokana zaidi na mvua ya msituni. Barafu ya kileleni huchangia kidogo mno. Na kule juu, msitu unapoishia na nyasi zinapoanza, ndiko anakoishi mhusika wetu, anayeongeza maji hayo kwa kunasa ukungu. Jina lake ni erika.

Twendeni tukamwone. Tunapanda kutoka Marangu, tunaviacha vihamba vya migomba na kahawa, tunaingia msituni hadi kwenye vibanda vya Mandara, mita 2,720 kutoka usawa wa bahari. Baridi imeanza kuuma. Tukielekea vibanda vya Horombo, miti mirefu inazidi kupungua na erika wanatanda kila upande. Walio kwenye ukingo wa msitu wamekuwa miti inayotuzidi kimo mara kadhaa. Walio juu zaidi ni vichaka vya kukufika kiunoni. Matawini zinaning'inia ndevu za kijivujivu. Hizo ni likeni.

Hebu shika tawi moja. Majani yake ni membamba na mafupi, hayafiki upana wa ukucha wako, na kingo zimekunjwa kwa chini ili jua kali na upepo visiyakaushe. Kwenye ncha za matawi yamesongamana maua meupe, madogo sana, yenye umbo la kengele. Kila ua likikauka linaacha mbegu laini zinazopeperushwa na upepo.

Sasa ngojeni ukungu. Mchana, jua likishapasha joto nchi ya tambarare, hewa yenye unyevu hupanda mlimani, hupoa, ikawa wingu. Upande wa kusini mvua kubwa zaidi hunyesha katikati ya msitu, kwenye mita 2,200 hivi. Juu ya hapo mvua hupungua, ila ukungu hauishi. Mmewahi kuona utando wa buibui alfajiri ulivyojaa umande? Ndivyo erika anavyofanya kazi. Ukungu unapopita, kila jani hunasa chembe za maji. Chembe hukutana zikawa tone. Tone huteleza tawini, hupita kwenye zile ndevu, likadondoka kwenye udongo mweusi. Haba na haba hujaza kibaba. Maji huzama ardhini yakashuka polepole. Mengine huibuka kwenye chemchemi, mengine huingia mitoni na kwenye mifongo, ile mifereji waliyoichimba wazee wa Uchagga kumwagilia vihamba, kisha hushuka hadi bwawa la Nyumba ya Mungu na Mto Pangani.

Adui wa erika ni moto. Wachagga husimulia kwamba Mawenzi, kilele jirani, alizoea kwenda kwa Kibo kuomba moto, kesho tena, keshokutwa tena, mpaka Kibo akachoka akamtwanga kwa mchi. Ndiyo maana kilele cha Mawenzi kimechongokachongoka. Katika hadithi moto ulileta ugomvi. Siku hizi unaleta hasara. Oktoba 2020 moto ulizuka eneo la Whona, kati ya Mandara na Horombo, ukateketeza zaidi ya kilomita za mraba 90. Askari wa hifadhi za taifa (TANAPA), wanavijiji na wanafunzi wa Chuo cha Mweka walipanda kupambana nao.

Erika si mnyonge. Akiungua mara moja, aina zake nyingine huchipua tena kutoka shinani, na nyingine huota kwa mbegu. Ila anahitaji miaka mingi ya kupumzika. Moto ukirudi kabla hajakua, msitu hugeuka vichaka; vichaka vikiungua tena na tena, hubaki mimea mifupi isiyonasa ukungu mwingi. Andreas Hemp, mtaalamu wa mimea aliyeuchunguza mlima huu kwa miaka mingi, ameonyesha kuwa moto umeushusha mpaka wa juu wa msitu kwa mamia ya mita.

Na moto huo mara nyingi huwashwa na binadamu. Mrina asali hufukiza nyuki kisha akaacha kijinga kinafuka. Mpita njia huota moto akaondoka bila kuuzima. Basi kama mjomba wako anarina asali, mwombe akizime kijinga kwa maji na udongo kabla hajaondoka. Mkienda mlimani na shule, msikubali mtu awashe moto, na mkiona moshi mwambieni askari wa hifadhi mara moja. Msione haya kuwaambia wakubwa. Mche wa erika unaochipua leo kule Whona utakuwa mkubwa nanyi mkiwa watu wazima, na ninyi ndio mtakaohitaji maji yake.